Kutoka Kuchezwa Hadi Kucheza: Lugha, Soka la Wanawake na Filamu ya Hali Halisi Zanzibar



1.0 Utangulizi

Mnamo mwaka 2007 ilitoka filamu iitwayo Zanzibar Soccer Queens, yaani Malkia wa Soka wa Zanzibar. Mtengenezaji wake, Florence Ayisi, ni mwanamke mzaliwa wa Kameruni aliyefundisha taaluma ya filamu katika chuo kikuu huko Wales, Uingereza. Wahusika wa filamu hiyo ni wachezaji wa timu ya wanawake ya Zanzibar iitwayo Women Fighters. Wengi wao ni Waislamu. Kamera inawafuata mazoezini, uwanjani na katika shughuli zao za kila siku, na inawapa nafasi ya kueleza kwa vinywa vyao kwa nini wanacheza mpira katika jamii ambayo sehemu yake kubwa haikuona kuwa jambo hilo linawafaa wanawake. Mwaka 2016 Ayisi, akishirikiana na Catalin Brylla, alitoa filamu ya pili, Zanzibar Soccer Dreams, iliyorudi visiwani kutazama ni nini kimebadilika.

Filamu hizi zimezungumzwa zaidi na wataalamu wa sinema na wa masuala ya jinsia. Wanaisimu wa Kiswahili hawajazishughulikia sana, ilhali kwa sehemu kubwa malighafi yake ni Kiswahili: mazungumzo ya watu wa Unguja kuhusu mwili, heshima, dini na mchezo. Mhadhara huu unakusudia kuziba pengo hilo kwa kiasi fulani. Swali linaloongoza hoja ni hili: hadithi ya mpira inasaidiaje jamii kubadilika, na lugha ina kazi gani katika badiliko hilo?

Ni vema kuanza na jina la aina yenyewe ya filamu. Kiswahili kina maneno kadhaa yanayoshindana. Wapo wasemao dokumentari, wapo wasemao filamu ya kumbukumbu, na wapo wapendao filamu ya hali halisi. Kila jina lina dai lake. Kumbukumbu huelekeza macho nyuma, kana kwamba kazi ya kamera ni kuhifadhi kilichokwisha kupita. Hali halisi huahidi zaidi ya inavyoweza kutimiza, kwani hali haijipigi picha yenyewe. Yupo mtu aliyechagua kamera isimame wapi, nani aulizwe na nini kikatwe. Hata hivyo, istilahi hiyo ina faida moja kubwa: inamkumbusha mtengenezaji wa filamu kwamba ana deni. Akiahidi hali halisi, waliopigwa picha wana haki ya kumwuliza kama kweli ndiyo hali yao. Kwa sababu hiyo, ndiyo istilahi itakayotumika humu.

2.0 Mpira wa miguu Zanzibar na msamiati wake

Mpira wa miguu ulifika Zanzibar pamoja na Waingereza, na shule ya wamisionari ya Kiungani ilikuwa miongoni mwa mahali ulipoanza kufundishwa. Lakini haukubaki mali ya wageni. Mwanahistoria Laura Fair, katika makala yake ya mwaka 1997 na katika kitabu chake cha mwaka 2001 kuhusu burudani na siasa za Unguja, ameonyesha jinsi wanaume wa kawaida wa mjini walivyoufanya mchezo huo kuwa wao wakati wa ukoloni. Uwanja wa Mnazi Mmoja ukawa mahali ambapo mtu asiye na cheo wala sauti katika serikali aliweza kuonekana, kushangiliwa, na hata kumshinda mtawala mbele ya umma.

Hoja hii ya kihistoria ni muhimu. Inaonyesha kwamba kuutumia mpira kudai heshima si fikra iliyoletwa na mashirika ya maendeleo ya siku hizi. Ni desturi ya zamani ya Unguja yenyewe. Kilichopungua katika desturi hiyo ni wanawake.

Msamiati wa mchezo unasimulia kisa hichohicho. Mchezo mmoja una majina mengi: mpira wa miguu, soka, kandanda, kabumbu. Goli, penalti, kona na refa yametoholewa kutoka Kiingereza, na pembeni yake yamekaa maneno mengine kama vile mwamuzi, mlinda mlango na mshambuliaji. Katikati ya maneno hayo lipo moja lenye uzito wa pekee: nahodha. Neno hili lina asili ya Kiajemi, nalo liliingia Kiswahili kwa njia ya bahari. Nahodha ni mkuu wa jahazi, mwenye kujua pepo na nyota, mwenye dhamana ya roho za mabaharia. Kwa karne nyingi hakikuwa cheo cha mwanamke. Leo mwanamke anayefunga kitambaa mkononi na kuongoza wenzake kuingia uwanjani huitwa nahodha, bila ya neno kuongezwa silabi hata moja. Lugha imempisha kabla ya jamii kumpisha.

Jina la timu yenyewe halikosi funzo. Kwa nini timu iliyo katika kitovu cha Kiswahili iitwe Women Fighters? Jibu la haraka ni kwamba majina ya Kiingereza ni mtindo wa kawaida wa klabu za Afrika Mashariki. Jibu hilo ni sahihi lakini halitoshi. Mtu akijaribu kulitia jina hilo katika Kiswahili atapata wanawake wapiganaji, kisha atatambua ugumu uliopo. Mpiganaji ni yule anayepigana na mwenziwe. Ni neno linaloweza kusikika kama ugomvi. Mwanamke anayeitwa mgomvi mtaani hana sifa njema. Jina la kigeni huruhusu kusema jambo ambalo lugha ya nyumbani ingelisema kwa ukali mno.

3.0 Kitenzi -cheza na nafasi ya mwanamke

Hoja kuu ya mhadhara huu imo katika kitenzi kimoja. Kitenzi -cheza kina upana wa maana usio wa kawaida. Mtu hucheza mpira, hucheza bao, hucheza ngoma, hucheza upatu. Anayetania hucheza, na jambo zito si mchezo. Katika pwani ya Waswahili wanawake wamekuwa wakicheza daima, kwa maana takriban zote hizo. Wamecheza ngoma za harusi. Wamecheza upatu, ambao watu wengi huuita mchezo tu, na kwa upatu huo wameendesha biashara ndogondogo na kusomesha watoto.

Wala mpira si kitu kigeni mikononi mwa msichana. Watoto wa kike wa Unguja hucheza nage, na wenzao wa bara huuita mchezo wa namna hiyo rede: wawili wanarusha mpira, mmoja aliye katikati anaukwepa. Shuleni wasichana wamecheza mpira wa pete. Jambo hili lina mantiki ya ajabu. Mpira wa pete uliletwa na Waingereza walewale walioleta mpira wa miguu. Mmoja ukakubalika kuwa mchezo wa wanawake na mwingine ukakataliwa kwa hoja kwamba si utamaduni wetu. Kama kigezo kingekuwa asili ya mchezo, yote miwili ingekataliwa. Ni wazi kwamba kigezo kilikuwa kingine.

Kigezo hicho kinaweza kudhihirika katika unyambuaji. Msichana akivunja ungo, katika jamii nyingi za pwani na mwambao, huingia katika mafunzo. Hapo husemwa kwamba wakubwa wanamcheza mwali, na mwali anachezwa. Kitenzi kimegeuka. Mtoto aliyekuwa akicheza nage uani jana, leo amekuwa mtendwa wa kitenzi kilekile. Wakubwa wanacheza, yeye anachezwa. Mnyambuliko mwingine ni mkali zaidi: msichana aliyedanganywa na mwanamume husemwa kwamba amechezewa. Katika kauli hii mwanamke ni chombo cha mchezo wa mwingine.

Linganisha na kauli ya mchezaji. Anacheza, anaichezea timu yake, wao na timu pinzani wanacheza pamoja mbele ya watazamaji. Kauli ya kutendea, ambayo katika mazingira mengine humfanya mwanamke kuwa kitu cha kuchezewa, hapa inamfanya mtendaji, na kinachochezewa ni timu. Anapokuwa mwamuzi, huchezesha mechi, na wachezaji ishirini na wawili wanategemea kipenga chake.

Haifai kuivuta hoja hii kupita kiasi. Unyago si uonevu. Ni elimu yenye hekima yake, na kuchezwa humaanisha pia kutunzwa na kuheshimiwa na jamii nzima. Wala sarufi haimfungi mtu. Msemaji yeyote wa Kiswahili anaweza kuunda sentensi ambayo mwanamke ni mtenda. Kinachosemwa hapa ni kwamba mazoea ya matumizi huonyesha ni nafasi ipi jamii imezoea kumwona mtu. Kuanzia balehe, mazoea ya kitenzi -cheza humwelekeza msichana kwenye kauli ya kutendwa. Mchezaji wa soka anavunja mazoea hayo, naye anafanya hivyo hadharani, mchana, uwanjani na si uani.

4.0 Jinsia bila alama ya jinsia

Inafahamika kwamba Kiswahili hakina jinsia ya kisarufi. Mchezaji anapiga, anakimbia, anafunga. Kiambishi a- hakisemi kama ni mume au mke. Wapo waliolisifu jambo hili kana kwamba ni ushahidi wa usawa. Sifa hiyo ina haraka. Ukimya wa sarufi haujaziba masikio ya jamii. Mtu akisikia kwamba mchezaji amefunga mabao matatu, aghalabu humfikiria mwanamume, hadi aongezewe neno wa kike. Vivyo hivyo husemwa soka la wanawake, wala ni nadra kusikia soka la wanaume. Kile kisichohitaji kivumishi ndicho kinachochukuliwa kuwa cha kawaida. Kile kinachohitaji kivumishi ni cha pembeni.

Majina ya timu yanaonyesha mgawanyo huohuo. Timu ya taifa ya wanaume ya Tanzania ni Taifa Stars. Ya wanawake ni Twiga Stars. Wanaume wamepewa taifa, wanawake wamepewa mnyama, ingawa ni mnyama wa heshima aliye nembo ya nchi. Katika ngazi ya klabu kuna Simba Queens, Yanga Princess, na Zanzibar JKU Princess. Hata filamu ya Ayisi imewaita wahusika wake malkia. Hakuna ubaya katika taji, lakini mwanafunzi makini wa lugha atauliza kwa nini mwanamume aingie uwanjani akiwa mchezaji tu, na mwanamke ahitaji kuvikwa ufalme kwanza. Kwa kigezo hiki Women Fighters ni jina lenye ujasiri zaidi. Halikuazima hadhi kutoka kasri yoyote. Limetaja kazi iliyofanywa.

5.0 Uhuni, stara na heshima

Kila badiliko la jamii hupigwa vita kwanza kwa maneno. Neno linalotumiwa zaidi dhidi ya mwanamke anayevuka mpaka ni uhuni. Maana ya neno hili huhama kulingana na anayetajwa. Mwanamume mhuni ni mzururaji, asiye na kazi, pengine mlevi. Mwanamke mhuni ni mwenye mwenendo mbaya wa mwili. Hivyo, kosa la mwanamume hupimwa kwa kazi na la mwanamke hupimwa kwa tabia za siri. Mwanamke anapoambiwa kwamba mpira ni uhuni, haambiwi kwamba anapoteza muda. Anaambiwa kwamba ametoka katika orodha ya wanaofaa kuolewa. Hasara yake ni halisi: ndugu hukasirika, posa husita, na walioolewa huweza kuzuiwa na waume zao. Ni vigumu kuutazama mchezo kama burudani tu pale ambapo bei yake ni hiyo.

Dhidi ya uhuni husimama maneno mawili, stara na heshima. Hapa ndipo filamu ya mwaka 2007 inapotoa mchango mkubwa. Mtazamaji wa nje angetarajia hadithi nyepesi: upande mmoja dini na mila, upande mwingine uhuru, na mwanamke akivua ushungi ili aupate uhuru huo. Wahusika hawa hawaingii katika kisa hicho. Ni wachezaji na ni Waislamu kwa wakati mmoja. Mwanamke anayetoka mazoezini, akajifunga nguo zake na kurudi nyumbani hajaacha kuwa yeye yule. Anachokataa ni tafsiri moja ya stara, ile inayosema kwamba mwili uliositirika ni ule tu usioonekana ukifanya jambo lolote. Heshima, kwa upande wake, ni neno la pande mbili: mtu ana heshima, na mtu huheshimiwa. Wapinzani hushika maana ya kwanza na kumtaka mwanamke awe nayo. Wachezaji hushika ya pili na kutaka wapewe. Ugomvi mzima unaweza kusomwa kama mabishano ya kisemantiki juu ya neno moja ambalo pande zote mbili zinalipenda.

Ni haki pia kukumbuka kwamba kikwazo hakikuwa nyumbani tu. Filamu ya kwanza ilipotoka, mamlaka za soka duniani hazikuwa zimeruhusu rasmi vazi la kichwani. Mnamo Juni 2011 timu ya wanawake ya Irani ilizuiwa kucheza na Yordani mjini Amman, katika mashindano ya kufuzu kwa Olimpiki, kwa sababu ya hijabu. Mwaka 2012 bodi inayotunga sheria za mchezo ilikubali hijabu kwa majaribio, na mwezi Machi 2014 ikaidhinisha moja kwa moja. Tarehe 30 Julai 2023 Nouhaila Benzina wa Moroko alikuwa wa kwanza kuvaa hijabu katika mechi ya Kombe la Dunia la wanawake wakubwa. Kwa hiyo, katika miaka ile ya 2000, msichana wa Unguja aliyetaka kujisitiri na kucheza alikuwa amebanwa na milango miwili. Nyumbani aliambiwa ajifunike asicheze; huko duniani aliambiwa afunue ndipo acheze. Wote wawili, mshikilia mila na mshikilia kanuni, walikubaliana katika jambo moja: kwamba hawezi kuwa vyote viwili.

6.0 Mtengenezaji filamu, mhusika na mfasiri

Ayisi hakufika Zanzibar bila tajiriba. Mwaka 2005, pamoja na Kim Longinotto, alikuwa ametoa filamu ya Sisters in Law, iliyopigwa Kumba nchini Kameruni na kushinda tuzo katika tamasha la Cannes mwaka huo. Ndani yake wanawake wawili wa sheria, mwendesha mashtaka Vera Ngassa na hakimu Beatrice Ntuba, wanashughulikia kesi za wanawake na watoto waliodhulumiwa. Kinachounganisha filamu hiyo na ile ya Zanzibar ni uamuzi wa kumtazama mwanamke wa Kiafrika akitenda. Picha nyingi za Afrika zilizouzwa duniani zimemwonyesha akiteseka, akisubiri, akisaidiwa. Kwa lugha ya sehemu ya tatu ya mhadhara huu, zimemweka katika kauli ya kutendwa. Kamera ya Ayisi inabadili kauli.

Mpira unafaa kwa kazi hiyo kwa sababu ya muundo wake wa kihadithi. Mechi ina mwanzo, kati na mwisho. Ina hatari na ina matokeo yasiyojulikana. Mtazamaji aliyekuja na msimamo kwamba wanawake wasicheze hujikuta, dakika chache baada ya kipenga, akitaka kujua nani atafunga. Ushabiki humtangulia mtu kabla hajakumbuka msimamo wake. Mhadhiri wa maadili hana silaha hiyo.

Hata hivyo, ipo hatari katika safari ya maneno kutoka mdomo wa msemaji hadi maandishi ya chini ya picha. Mchezaji anapozungumza Kiswahili cha Unguja, mtazamaji wa London au Cardiff husoma Kiingereza. Tafsiri ya aina hii ina ufinyu wa kipekee: maneno machache, sekunde chache. Heshima inakuwa neno moja lenye kumaanisha adabu, na ule upande wa kuheshimiwa unapotea. Uhuni unakuwa ujambazi au umalaya kutegemea mfasiri, ilhali nguvu yake ni kule kuning'inia kati ya maana hizo. Kiambishi a- hulazimika kuchagua jinsia. Kauli ya jumla juu ya mtu hugeuka kauli juu ya mwanamke. Lafudhi ya mjini na ya shamba, tofauti ambayo msikilizaji wa Unguja huitambua mara moja, hupotea kabisa. Mtazamaji wa nje basi hupata habari, lakini hapati mabishano. Anaweza kuondoka na dhana ileile aliyokuja nayo, kwamba Mwislamu wa kike ni mtu wa kuhurumiwa, na safari hii akadhani kwamba amethibitishiwa na hali halisi.

Ndiyo maana mtazamaji wa kwanza wa filamu kama hii hana budi kuwa wa nyumbani. Kwake hakuna maandishi ya kusoma. Anasikia sauti ya mtu anayeweza kuwa jirani yake, ikitumia maneno ambayo yeye mwenyewe ameyatumia juani na kivulini. Desturi ya Tamasha la Filamu la Kimataifa la Zanzibar ya kupeleka sinema vijijini, mbali na Ngome Kongwe, imeonyesha kwamba hadhira hiyo ipo na inajua kubishana na inachokiona. Mabishano ya namna hiyo, chini ya mwembe baada ya taa ya sinema kuzimwa, ndiyo mahali ambapo maana za maneno hubadilika.

7.0 Mabadiliko na ushahidi wake

Je, jamii imebadilika? Filamu ya mwaka 2016 iliporudi Zanzibar ilikuta mazungumzo yamehama. Suala la wasichana na mpira lilikuwa limeingia katika mjadala wa elimu na shule, pamoja na mavazi yanayomruhusu msichana kucheza bila kuacha stara. Mwaka huohuo Zanzibar ilipeleka timu ya wanawake katika mashindano ya Afrika Mashariki na Kati yaliyofanyika Jinja, Uganda. Upande wa Muungano, Twiga Stars walikwisha kushiriki fainali za Afrika nchini Afrika Kusini mwaka 2010. Mwaka 2022 wasichana wa chini ya miaka 17, Serengeti Girls, walicheza Kombe la Dunia huko India, wakaifunga Ufaransa mabao 2 kwa 1, na kufika robo fainali.

Itakuwa kosa la kimantiki kudai kwamba filamu moja ndiyo iliyoleta haya. Sababu ni nyingi: kanuni zilizobadilishwa, fedha zilizoanza kutengwa, klabu kubwa zilizolazimika kuwa na timu za wanawake, na zaidi ya yote wanawake waliocheza kabla ya kamera yoyote kufika. Women Fighters waliundwa mwishoni mwa miaka ya 1980, takriban miaka ishirini kabla ya filamu. Mtengenezaji filamu hakuanzisha badiliko. Alilikuta likitembea kwa miguu, akalipa njia ya kusikika mbali. Kumpa sifa zaidi ya hiyo ni kuwarudisha wachezaji katika kauli ya kutendwa, safari hii na wale wanaowapenda.

Mifano ya Kenya inatia nguvu hoja hii. Chama cha michezo cha vijana wa Mathare, MYSA, kilichoanzishwa Nairobi mwaka 1987, kilifanya usafi wa mtaa kuwa sehemu ya ligi: timu iliyosafisha mitaro ilipata pointi katika msimamo. Mwaka 1997, katika mradi wa Shootback, vijana wa chama hicho walipewa kamera wakapiga picha za maisha yao wenyewe. Hapo mhusika na mpiga picha walikuwa mtu mmoja. Huko Kilifi, shirika la Moving the Goalposts, lililoanza mwaka 2001, limewakusanya wasichana wa pwani kucheza mpira, na wao wenyewe hushika nafasi za ukocha, uamuzi na uongozi. Katika mifano hii kamera na mpira vimefanya kazi pale ambapo mwenye hadithi alikuwa pia mwenye kuisimulia. Palipokosekana hilo, picha hubaki ukumbusho wa mgeni.

8.0 Hitimisho

Mhadhara huu umedai kwamba hadithi ya mpira hubadili jamii kwa kumhamisha mtu katika sentensi. Inamtoa mwanamke katika nafasi ya mwenye kuchezwa na kuchezewa, inamweka katika nafasi ya mwenye kucheza, kuchezea na kuchezesha. Filamu ya hali halisi ikifanywa kwa uadilifu huifanya sentensi hiyo isikike na wengi. Umedai pia kwamba maneno ya lawama na ya sifa, uhuni, stara na heshima, ndiyo uwanja wa pili wa mchezo huu, na kwamba tafsiri isiyo makini inaweza kupoteza nyumbani kile kilichoshindwa ugenini.

Kwa wanafunzi wa Kiswahili yapo majukumu matatu yanayofuata. La kwanza ni kunukuu na kuhifadhi mazungumzo ya wanawake wanamichezo, katika lafudhi zao, wakati waanzilishi wa mchezo huu bado wapo. Wasichana wa leo wanaweza kusoma historia ya klabu za wanaume; historia ya mama zao uwanjani imo vichwani mwa watu, nayo inapungua kila mwaka. La pili ni kuifanya tafsiri ya maandishi ya filamu kuwa somo la kweli katika idara za lugha, badala ya kazi ya dharura anayopewa yeyote ajuaye Kiingereza. La tatu ni kuandika fasili za kamusi kwa uangalifu zaidi. Kamusi inayofasili mchezaji kwa mfano wa mwanamume peke yake, au uhuni kwa mfano wa mwanamke peke yake, imeingia mchezoni bila kujua, na imechagua upande.

Waswahili husema mcheza kwao hutunzwa. Methali hii haitaji mume wala mke. Kwa muda mrefu katika uwanja wa mpira imetekelezwa nusu: waliocheza kwao wakatunzwa ni wanaume, na wanawake waliocheza kwao wakatunzwa majina mabaya. Wachezaji wa Women Fighters hawakuomba methali mpya. Waliingia uwanjani wakasubiri ile ya zamani itimizwe kama ilivyosemwa.